Kurasa 11 au matoleo saba: Spider-Man anavyosimuliwa upya

Swali: Shikamoo mwalimu. Mimi ni kijana wa Morogoro, nachora katuni. Nilisoma komiki ya Ultimate Spider-Man ya mwaka 2000, halafu rafiki yangu akanionyesha ile hadithi ya kwanza kabisa ya 1962. Ya zamani inamaliza kila kitu kwa kurasa 11: kuumwa na buibui, mieleka, mwizi, kifo cha mjomba Ben. Ya kisasa inachukua matoleo saba. Rafiki yangu anasema wametia maji kwenye maziwa ili wauze lita nyingi. Tena anasema katika ile iliyoanza 2024 mjomba Ben hajafa, na kwake huo ni uharibifu mtupu. Nani yuko sahihi? Na mimi nikitaka kusimulia upya chanzo cha shujaa wa namna hii, nisiguse nini?

Jibu: Marahaba, mdogo wangu. Kabla ya maziwa, tuzungumze kuhusu huyo mjomba, kwa sababu Ben si mjomba wa Peter Parker, kijana anayekuwa Spider-Man. Jina lake la ukoo ni Parker, sawa na la kijana, maana yake ni ndugu wa baba, na katika simulizi za baadaye anatajwa kuwa kaka wa Richard, baba yake Peter. Kwetu huyo ni baba mkubwa, au ami kwa watu wa Pwani. Kiingereza kina neno moja kwa wote hao, nasi tumezoea kulibeba hivyo hivyo hata kwenye filamu za vibanda umiza. Sikusahihishi kwa ajili ya sarufi. Mjomba ana heshima yake, lakini baba mkubwa ni baba. Akifa, mtoto aliyelelewa nyumbani kwake amefiwa na baba kwa mara ya pili. Shika hilo, maana msiba huo ndio unaobeba hadithi yote, na buibui ni mlango tu wa kuingilia.

Sasa hizo kurasa 11. Zilitoka katika Amazing Fantasy namba 15, toleo lenye tarehe ya Agosti 1962, bei senti 12. Stan Lee aliandika, Steve Ditko akachora. Watu husahau kwamba lile lilikuwa toleo la mwisho la gazeti hilo. Lilikuwa gazeti la hadithi fupi fupi za ajabu, kila moja na kurasa zake chache, na lilikuwa linafungwa. Hakuna aliyewaahidi hao wawili nafasi ya pili. Ukiwa na kurasa 11 na mlango unafungwa nyuma yako, huwezi kuwaonyesha watu wakinywa chai.

Halafu kuna namna walivyofanya kazi. Kwa kawaida Lee alitoa muhtasari wa hadithi, mchoraji akaupanga katika fremu kama alivyoona inafaa, kisha kurasa zikarudi kwa Lee atie maneno. Ndiyo maana zile fremu zimejaa maandishi juu ya picha ambayo tayari inajieleza. Msimulizi anakuambia siku zimepita, anakuambia kijana anawaza nini, anakuambia hata jambo ambalo unaliona kwa macho yako. Leo tunaliona kama kelele. Wakati ule ndilo lililowezesha wiki kadhaa kupita katika fremu moja.

Nataka uiangalie sehemu moja tu kwa karibu. Peter ameshapata nguvu, ameshashinda mieleka kwa dola 100, ameshajishonea vazi, na sasa anaonekana kwenye televisheni. Anatoka studio, yuko kwenye korido. Mtu anakimbia kuelekea lifti, polisi yuko nyuma yake anapiga kelele azuiwe. Spider-Man amesimama pale pale. Angenyoosha mguu tu, ingetosha. Mlango wa lifti unafunga, mwizi ameondoka, na polisi anamgeukia kwa hasira. Jibu la kijana, nikilifupisha, ni kwamba hiyo ni kazi yako afande, mimi nimechoka kuonewa, tangu leo namwangalia mtu mmoja tu, nafsi yangu.

Tazama kilichokosekana hapo. Yule polisi hajamkosea lolote. Mwenye studio hajamdhulumu. Siku hiyo Peter amefanikiwa kuliko siku zote za maisha yake. Waliomcheka ni wanafunzi wenzake, na hakuna hata mmoja wao kwenye ile korido. Basi hana kisingizio. Ni kijana mwenye kinyongo cha jumla na dunia, aliyepata nguvu jana, akaona leo ni zamu ya dunia kumwacha apumzike. Siku kadhaa baadaye anarudi nyumbani, anakuta gari la polisi nje. Baba mkubwa ameuawa na mwizi aliyevamia nyumba, na mwizi huyo amejificha kwenye bohari la zamani. Anamfuata, anamkamata, anamwona uso. Ni yule wa kwenye lifti.

Maneno maarufu kuhusu nguvu kubwa kuja na wajibu mkubwa hayasemwi na Ben katika hadithi hiyo. Hayasemwi na mtu yeyote. Ni maandishi ya msimulizi kwenye fremu ya mwisho, juu ya umbo dogo linaloondoka taratibu gizani kati ya majengo. Ben mwenyewe ana mistari michache tu. Kifo chake hata hakionyeshwi, tunakisikia mlangoni kama Peter anavyokisikia. Michoro ya asili ya toleo lile ilitolewa mwaka 2008 kwa Maktaba ya Bunge la Marekani na mtu ambaye hakutaka jina lake litajwe, na kama siku moja utapata picha zake nzuri, kaa na ukurasa wa korido kuliko ule wa buibui.

Sasa twende mwaka 2000. Brian Michael Bendis ndiye mwandishi, Mark Bagley mchoraji. Marvel, kampuni inayomchapisha Spider-Man, ilikuwa imeomba ulinzi wa mahakama kwa sababu ya madeni mwishoni mwa 1996, na hata baada ya kutoka huko ilikuwa na tatizo jingine: Peter Parker wa komiki za kawaida alikuwa mtu mzima mwenye mke na historia ya karibu miaka 40 mgongoni. Mtoto wa miaka 13 akiingia dukani, aanzie wapi? Wakaamua kuanza upya pembeni, katika ulimwengu mwingine, bila kuifuta ile ya zamani. Huyu Peter mpya yuko shule, anatumia kompyuta, na buibui wake hatoki kwenye mionzi. Mwaka 1962 watu waliogopa nyuklia, na miezi michache tu baada ya toleo lile dunia ilishika pumzi kwa ajili ya makombora ya Cuba. Mwaka 2000, Juni, wanasayansi walitangaza rasimu ya kwanza ya ramani ya vinasaba vya binadamu. Buibui wa Bendis ametengenezwa maabara ya Osborn kwa kuchezea vinasaba. Kila kizazi humtuma buibui kutoka mahali kinapopaogopa. Badiliko hilo ni rahisi na halimuumizi mtu, ndiyo maana karibu kila anayesimulia upya huanza nalo, na wengine huishia hapo hapo wakidhani kazi imekwisha.

Je, ni maji kwenye maziwa? Nitakupa jibu la haki, ambalo rafiki yako hatalipenda lote. Yale matoleo saba yana zaidi ya kurasa 150, na yalikusanywa kuwa kitabu kimoja. Biashara ya vitabu vya mkusanyo ilikuwa inakua, na waandishi wakaanza kupima hadithi kwa urefu wa kitabu badala ya toleo la mwezi. Kwa hiyo ndiyo, muuza maziwa alikuwa anahesabu ndoo. Lakini pia si kweli kwamba yote saba ni kile kile cha kurasa 11. Matoleo ya mwisho yanamhusu adui aitwaye Green Goblin, ambaye ndiye Norman Osborn mwenye ile maabara, naye amefumwa ndani ya chanzo tangu mwanzo. Hapo ndipo mimi naonja maji. Ukimfanya adui mkubwa wa shujaa atoke kwenye maabara ile ile na buibui yule yule, unapata mpangilio nadhifu na unapoteza dunia. Jiji la watu milioni kadhaa linageuka kuwa chumba kimoja chenye watu sita.

Maziwa yenyewe yako kwa Ben. Bendis alimpa maisha. Ni mzee aliyekuwa kijana wa miaka ya sitini, nywele ndefu zimefungwa nyuma, anayebishana na mkewe mezani, anayemkera Peter na kumchekesha. Unakaa naye toleo baada ya toleo. Anapokufa, wewe msomaji umepungukiwa na mtu. Mwaka 1962 ulimhurumia Peter. Mwaka 2000 unamlilia Ben. Kwa hilo peke yake mimi nalipia lita zote.

Kuna jambo jingine limebadilika, na wengi hawalioni. Mafunzo kuhusu nguvu na wajibu yamehamia kinywani mwa Ben, naye anayatoa kama imani aliyokuwa nayo baba yake Peter. Peter anayasikia kabla ya msiba. Katika hadithi ya Lee na Ditko hakuambiwa kitu na mtu. Alikosa, akajua alipokwisha kuchelewa. Sisi tuna methali mbili kwa hali hizo mbili, na ni ajabu zinavyotosha. Ile ya 1962 ni majuto ni mjukuu. Ile ya 2000 ni asiyesikia la mkuu huvunjika guu. Zote ni hadithi halali za kosa, ila si kosa moja. Anayesimulia upya akibadilisha nani alisema na lini, amebadilisha aina ya hatia hata kama matukio ni yale yale.

Filamu ya 2002 ilikwenda mbali zaidi. Pale mwenye mieleka anamlipa Peter dola 100 badala ya 3,000 alizotarajia, kisha mwizi anamwibia mwenye mieleka huyo huyo. Ukumbi mzima wa sinema unacheka Peter anapompisha mwizi. Inafurahisha, nami nilicheka. Lakini wamempa kisingizio. Sasa amelipiza, na aliyelipiza tunamwelewa haraka mno. Kijana wa korido hakuwa na wa kumlipiza, na ndiyo maana mpaka leo ananisumbua.

Rafiki yako akitaka kuona uharibifu wa kweli, asihangaike na 2024, arudi nyuma kwenye viraka. Hadithi ya kwanza ina sadfa moja kubwa: kati ya nyumba zote za Queens, mtaa wa New York anakoishi Peter, kwa nini mwizi yule aende kwa akina Parker? Mwaka 1980, katika Amazing Spider-Man namba 200, walileta jibu kwamba alikuwa anatafuta hazina ya jambazi wa zamani iliyofichwa mle ndani. Mwaka 1998 John Byrne alianza kuisimulia miaka ya mwanzo upya katika mfululizo ulioitwa Chapter One, akaifanya ajali ya buibui na ajali iliyomzaa Daktari Octopus, adui mwingine wa Spider-Man, kuwa ajali moja. Mwaka 2001 J. Michael Straczynski akamleta mzee aitwaye Ezekiel, anayemuuliza Peter: je, una hakika ilikuwa bahati mbaya, au buibui yule alitaka kukupa nguvu zake kabla ya kufa? Hili la mwisho angalau ni swali zuri, na liliachwa likiwa swali. Mengine mawili ni ugonjwa wa fundi anayeona ufa kwenye ukuta wa babu na kukimbilia saruji, bila kujiuliza kama hewa ya nyumba inapitia pale. Sadfa ya mwizi haihitaji sababu. Mtu uliyemwacha apite atakwenda mahali fulani, na pale aendapo ni nyumbani kwa mtu. Safari hii ilikuwa kwako.

Unaweza kuniuliza kwa nini hawaachi tu. Mfikirie Fumo Liyongo. Naye ana nguvu zisizo za kawaida na siri moja ya kumwangusha, lakini sisi tunaposikiliza habari zake tunangoja mwisho: mwanawe, sindano ya shaba, kitovu, kisha yule shujaa aliyepiga goti kisimani na upinde mkononi, amekwisha kufa na watu bado wanaogopa kuchota maji. Liyongo ana kifo, kwa hiyo hadithi yake ina umbo. Spider-Man ni mali ya kampuni, na kampuni hiyo tangu 2009 ni ya Disney. Mtu wa namna hiyo hawezi kuzikwa akazikika. Hata wakimuua, mwakani yupo. Sehemu pekee ya maisha yake yenye umbo lililokamilika ni mwanzo, basi kila fundi mwenye kipaji anaurudia mwanzo huo huo.

Aliyeurudia vizuri kuliko wote, kwa maoni yangu, ni Bendis yule yule, miaka 11 baada ya ile ya kwanza, na aliurudia kwa kumwondoa Peter. Miles Morales alitokea mara ya kwanza mwaka 2011, mchoraji akiwa Sara Pichelli, baada ya Peter wa ulimwengu ule kuuawa. Karibu na mwanzo wa komiki yake kuna bahati nasibu ya shule. Wazazi wamejaa ukumbini, nafasi ni chache, mipira yenye namba inachezeshwa, na namba ya Miles ndiyo inayofunga orodha. Mama analia kwa furaha. Miles anageuka kuwatazama watoto wengine, wale ambao namba zao hazikutoka. Mtu yeyote aliyesubiri majina ya waliochaguliwa kidato cha kwanza anazijua zile nyuso. Buibui bado hajamuuma, naye tayari ameshajua maana ya kupewa usichokifanyia kazi. Kisha nguvu zinakuja, anazificha, hataki, na Peter anapokufa anabaki na swali kama angemsaidia endapo angejitokeza mapema. Hakuna korido, hakuna lifti, hakuna baba mkubwa aliyepigwa risasi na mwizi. Lakini aliweza, na hakufanya. Bawaba ni ile ile, mlango umebadilishwa.

Nafika kwa ile ya 2024, ya Jonathan Hickman na Marco Checchetto. Rafiki yako amekuambia kweli: Ben yuko hai, aliyefariki ni mkewe, May. Peter ana umri wa miaka thelathini na kitu, ameoana na Mary Jane, wana watoto wawili. Hajawahi kuumwa na buibui, kwa sababu kuna mtu aliyeiingilia historia ya ulimwengu ule na kuwaibia mashujaa mwanzo wao. Anaishi vizuri, na ndani yake kuna kitu hakijakaa sawa ambacho hawezi kukitaja. Kisha buibui analetwa mbele yake, naye anaambiwa achague.

Je, ni uharibifu? Mimi nasema si usimulizi upya hata kidogo, ni jibu. Mwaka 1962 nguvu zilikuja kwa bahati na wajibu ukaja kwa kosa. Hapa mtu mzima mwenye mke, watoto na kazi anaamua kwa akili timamu kujitwisha mzigo. Jibu hilo lina uzito kwa sababu wewe unaijua korido na unajua ni nini hakikutokea. Mpe mtu asiyemjua Spider-Man asome hiyo kwanza, ataona baba wa familia anayefanya ujinga. Kwa hiyo rafiki yako yuko sahihi kwamba haiwezi kuchukua nafasi ya ile ya kwanza, na amekosea kudhani ilitaka kuichukua. Wewe soma kwa mpangilio huu: 1962, kisha 2000, kisha Miles, na 2024 mwisho.

Na kazi yako. Spider-Man mchore kwa mazoezi kadiri upendavyo, lakini usimuuze, ana wenyewe. Shujaa wako umbuni mwenyewe. Nguvu azipate popote, kwenye Mto Morogoro, kwenye transfoma, kwenye dawa ya mbu, mimi sijali, na msomaji wako atasahau baada ya kurasa tano. Mwongezee mtu wa kumpenda na umpe huyo mtu nafasi ya kutosha kupendwa. Vazi lije mwisho. Usichokigusa ni ile dakika ambayo angeweza na hakufanya, na usimpe sababu nzuri ya kutofanya. Wanafunzi wangu karibu wote hukosea hapo. Wanampenda mhusika wao, wanamwonea huruma, wanamwekea mkoba mkononi au simu sikioni ili ionekane hakuwahi kumwona mwizi. Mvue mkoba, mfanye aone.

Anza na hiyo dakika, kabla ya kitu kingine chochote. Ukurasa mmoja, fremu zisizozidi tisa, bila neno hata moja. Ukimaliza mpelekee mtu ambaye hasomi komiki, mama au muuza duka wa jirani, muulize nani hapo amekosa. Akikuonyesha mwizi, chora tena.